Kuhuisha Si Kuhamisha

Mama Vifungo huuza vifungo, zipu na uzi. Duka lake ni chumba namba kumi na nne katika jengo la halmashauri. Amekaa humo miaka tisa. Kila asubuhi mume wake hufungua mlango, naye hupanga visanduku vya vifungo kwa rangi.

Jumatatu moja walikuta karatasi imebandikwa mlangoni. Ilikuwa na mhuri wa halmashauri. Mume aliisoma haraka haraka, funguo mkononi.

"Mama watoto, tumekwisha," alisema. "Wanataka tuhame."

"Tuhame? Nani kasema?"

"Si hii hapa? 'Mpangaji anatakiwa kuhamisha.' Siku kumi na nne tu."

Tangu hapo Mama Vifungo hakutulia. Alishika kisanduku, akakiweka. Alitoka nje, akarudi. Mteja alitaka zipu nyeusi, akampa ya kijani. Siku ya tano walianza kufunga mali kwenye maboksi.

Kinyozi wa chumba cha jirani aliyaona maboksi. Watu humwita Wembe kwa sababu ya kazi yake, na pia kwa sababu ya ulimi wake.

"Shemeji, mnahamia mwezini?"

"Usinichokoze, Wembe. Kwani wewe hukupata karatasi?"

"Nimepata. Wote tumepata. Mbona mimi nanyoa?"

Akaweka kidole kwenye karatasi. "Hebu fuata kidole changu. Ku-hu-i-sha. Siyo kuhamisha. 'Anatakiwa kuhuisha kibali cha pango.'"

"Kuhuisha ndiyo nini?"

"Kukipa uhai tena. Muda wa kibali chako unakwisha. Wanakuambia uombe kipya."

Mume alijikuna kisogo. "Kumbe nimetutia presha bure."

"Maneno yenyewe yanafanana kama pacha, kaka. Ila mngeuliza kwanza, maboksi baadaye."

"Lakini leseni nimeilipia!" Mama Vifungo alisema. "Si ile pale ukutani?"

"Leseni ni ruhusa ya kufanya biashara. Kibali cha pango ni ruhusa ya kukaa katika chumba hiki. Ni vitu viwili. Kiko wapi cha zamani?"

Walifungua maboksi matatu ndipo wakakipata. Wembe alikigeuza nyuma. "Soma mwenyewe, shemeji."

Mama Vifungo alisoma polepole: "Mpangaji wa sasa atafikiriwa kwanza, akiomba kwa maandishi kabla ya muda kwisha. Akikataliwa, atapewa sababu kwa maandishi. Chumba kilichoachwa wazi atapewa mwombaji mwingine."

Akayatazama maboksi. "Kwa hiyo tungehama..."

"Mngekitoa kwa mikono yenu wenyewe."

Siku hiyo hiyo waliandika barua, nakala mbili. Wembe aliwaonya: moja ibaki ofisini, nyingine irudi nyumbani na mhuri.

Karani wa halmashauri aliipokea bila kuinua macho. "Acha hapo, mama."

"Naomba unigongee mhuri kwenye nakala yangu, mwanangu. Na tarehe."

"Huniamini?"

"Nakuamini. Ila karatasi ni nyingi hapo mezani, yangu isije ikapotea."

Karani alicheka, akagonga mhuri.

Wiki mbili zilipita. Mama Vifungo aliuza, lakini jicho lilikuwa mlangoni. Kisha wapangaji wote wakaitwa ofisini. Mume alikuwa bado akitafuta pa kuegesha baiskeli, mama akaingia peke yake.

Ofisa alipekua faili mara mbili. "Mama, barua yako haimo. Huenda hukuomba."

Mama Vifungo hakubishana. Alitoa nakala yake, akaiweka mezani. Ofisa alitazama mhuri. Akatazama tarehe. Akavuta fomu mpya, akaanza kuandika.

Nje, mume alikuwa akitembea huku na huko kama kuku anayetafuta pa kutagia.

"Wamesemaje?"

"Miaka mitatu."

Mume aliketi kwenye ngazi, puu. Akashika kichwa, akacheka.

"Utakaa hapo mpaka lini?" Mama Vifungo alimwambia. "Inuka, baba watoto. Tukafungue duka, wateja wanapita!"