Mlango Ulioitika

Mara ya kwanza Paskazia alipoita hakuna aliyeitika, na ndivyo ilivyopaswa kuwa, maana aliyekuwa akimwita alishakufa.

"Violeth! Violeth we!"

Alisimama mbele ya chumba cha kujifungulia, katika zahanati moja ng'ambo ya Katoro, akionyesha mbele ya kamera jinsi alivyomwita mkwewe siku ile. Nesi alikuwa mmoja tu. Alifunga mlango ndugu wasiingie, akakimbilia watu waliofukiwa na kifusi machimboni, na funguo akaondoka nazo. Violeth alijifungua peke yake humo ndani. Akatokwa damu mpaka mwisho, na kichanga kikamfuata.

Rhoda, mtengeneza filamu, alitaka nchi nzima imsikie mama huyu. Ignas, mtoto wa Rhoda aliyekuwa bado ananyonya, alikuwa amelala mgongoni mwa Paskazia. Yule mama, pamoja na msiba wake, ndiye aliyesema, "Nipe nimbebe, mikono yako ina kazi."

"Bodaboda imeharibu sauti, mama. Naomba urudie."

Paskazia akarudia, machozi yakimtiririka.

"Mara ya mwisho. Sogelea mlango kidogo."

"Mwanangu, marehemu haitwi mara tatu."

"Watu wakikusikia, mama, wataletwa manesi wengine hapa."

Kwa ajili ya wanawake wengine, Paskazia akaita.

"Abee," ikaitika sauti ndani.

Wakasukuma mlango. Kitanda kitupu, beseni kavu, na harufu ya damu na maziwa yaliyochacha.

"Huyo si Violeth," Paskazia akanong'ona, akimfungua Ignas mgongoni haraka. "Violeth hakuwahi kuniitikia bila kusema mama. Hili ni jini, nasi tumelipatia njia ya kuingilia. Humu limeonja mtoto, litataka mwingine. Futa hiyo sauti, mayu, mama yangu. Usitoke nayo."

Rhoda akabonyeza kamera. Akasema amefuta. Hakufuta, hakuwa na ushahidi mzuri kuliko ule.

Jioni, kwenye gesti Katoro, alimlaza Ignas kitandani, kamera kando yake, akatoka uani kuanika nepi.

"Mama Ignas!" akaita Lusia, mhudumu, kutoka jikoni. "Nimekuchemshia maji ya kumwogesha mtoto, na hela yako sitaki!"

Kabla Rhoda hajafungua mdomo, chumbani kukaitika, kwa sauti yake yeye mwenyewe:

"Abee."

Nepi zikamdondoka, akakimbia, akakuta mlango umefungwa kwa ndani, akausukuma, akaupiga kwa ngumi, akaita Ignas, akaita Ignas tena, akaogopa kuita mara ya tatu, na harufu ile ya maziwa yaliyochacha ikimjia kwa chini ya mlango, akamsikia mwanawe, aliyekuwa ameamka akilia kwa njaa, ananyamaza, kisha anaanza kunyonya.