Tonge la Mama Tsehay

Nsimire alifika mtaa wa Mutanga Nord, kwenye nyumba ambako mchumba wake hufanyia mazoezi ya muziki, na mfuko wa ndizi za kumpa, akakuta mwanamke anamtia huyo mchumba tonge mdomoni. Kwa vidole. Na Jovithe, rasta mzima, nywele mpaka kiunoni, amefumba macho kama mtoto anayepewa dawa tamu.

Mfuko ukabaki kizingitini. Miguu ikampeleka hadi mtaa wa pili, Kigobe, bila kumuuliza.

Simu ikalia.

— Cheri, ndizi zimefika, mwenyewe uko wapi?

— Yule mama ni nani?

— Tsehay? Si nilikuambia, Mwethiopia, tunapigia mazoezi ya reggae kwake.

— Na we gitaa la besi unapiga na meno?

Nsimire hakungoja jibu.

— Jovithe, kwetu anayelisha bwana mbele ya watu ni bibi arusi. Ambia wazee wenu, Jumamosi wasije kuniposa.

Akakata. Ujumbe ukaingia: "Kulishana vile kunaitwa gursha. Kwao ni heshima tu. Nakuapia."

Heshima gani inaingia na vidole? Nsimire akageuka, akarudi alikotoka. Alijiambia anafuata ndizi zake.

Tsehay alimpokea mlangoni, mama wa makamo, msalaba shingoni.

— Mama, na we ni rasta?

Tsehay akacheka mpaka akashika ukuta.

— Mi ni Orthodox. Nimezaliwa Shashamane, kule kwetu Ethiopia. Marasta walikuja toka visiwa vya mbali wakisema wamerudi nyumbani, wakawa majirani zetu. Wakatufundisha reggae, mama yangu akawalisha. Huyu wako ananiita malkia, hata sijui malkia wa nini.

Jovithe, nyuma yake, akaangalia viatu vyake.

Tsehay akakata injera, ule mkate wao laini, akachota dengu, akamsukumia Nsimire mdomoni. Pilipili ikapanda mpaka masikioni.

— Nalisha watu wa nyumbani. Sasa na we.

Nsimire akatafuna. Hasira bado alikuwa nayo, ila haikujua tena imkamate nani.

— Kama ni heshima, Jovithe, we umemulisha mama mara ngapi?

— Mi? Apana... bado.

— Mutu mukubwa, kazi yako kufungua mdomo tu?

— Mwambie, binti yangu, — Tsehay akasema. — Toka mwaka jana namungojea.

Jovithe akakata tonge, akampelekea Tsehay mdomoni. Nusu ya dengu ikaishia kwenye gauni la mama. Nsimire alitaka kununa, kicheko kikamponyoka.

— Na Jumamosi? — Jovithe akauliza polepole.

— Wazee waje. Lakini dengu utapika we, na baba yangu utamulisha kwa mukono wako, mbele ya wajomba wote. Tuone kama atakuita mukwe.