Neno la Mwalimu Gedion

Hesternal.

Neno moja tu kwenye Samsung ya afisa wa polisi Kawira. Mwalimu mstaafu Gedion, aliyejipenyeza kati ya walanguzi wa viwashio vya mabomu, alilituma alfajiri. Alijua wanasoma simu yake. Tangu hapo, kimya.

Saa tano asubuhi, Muthara. Pikapu arobaini za Hailaksi zilizobeba miraa zilinguruma kwenye kizuizi cha polisi. Moja ilibeba kifo cha watu wa Nairobi.

"Makao, nipe dakika kumi," Kawira akasema redioni.

"Tano," akajibu Ngari, mkuu wake, kutoka Embu. "Hawa wakulima watatuua."

Kawira akampigia mke wa Gedion.

"Mama Njoki, hesternal ni nini?"

"Hayo ni maneno yake." Kurasa za kamusi zikasikika. "Ya jana. Imetoka kwa Kilatini, hesternus. Hata Waingereza hawaitumii. Kawira, mzee wangu ako salama?"

"Namtafuta, Mama."

Moyoni alikuwa ameshakata tamaa.

Ya jana. Kila mtoto wa Tigania anajua miraa huchumwa asubuhi na kuondoka siku iyo hiyo. Ya jana hulishwa mbuzi. Lakini kuficha viwashio ndani ya mabunda kunataka muda; lazima walifunga jana, na hawakuwa wa huku kujua kosa lao. Mgeni ni kuku mweupe.

Akapita kwenye foleni akigusa majani ya migomba yaliyofunga mabunda.

Mabichi. Mabichi. Mabichi.

Kwenye Hailaksi ya kumi na tisa, yalikuwa yamejikunja na kuwa kahawia.

"Madam, tuachilie. Mzigo itaharibika," dereva akasema.

"Iliharibika jana."

Mkono wa dereva ukateremka chini ya kiti. Glock ya Kawira ikamwahi shingoni.

Askari wakashusha mabunda. Viwashio mia mbili. Chini yake, turubai. Ndani ya turubai, maiti ya mtu waliyekuwa wakienda kumtupa njiani. Viatu vyake viling'aa, vimepigwa rangi kama siku ya mtihani.

Kawira alimfunika uso. Iliuma, akaiacha iume.

"Makao, mzigo tumeupata."

"Na Gedion?"

"Yeye pia."

Akachomeka bastola kiunoni, akatembea kuelekea gari lake bila haraka. Nyuma yake Hailaksi za miraa mbichi zikaachiliwa, zikapita kwa kasi.

Simu ikalia.

"Kawira, ile neno imekusaidia?"

"Imeokoa watu wengi, Mama. Kaa hapo nyumbani. Nakuja mwenyewe."

 Kawira alisikia tu kamusi ikifungwa.