Faili Alilolifuta Mzee Stoo

Mdarizi huanza kazi saa mbili asubuhi. Hufungua kompyuta, huchagua nembo, kisha mashine ya kudarizi hushona yenyewe huku yeye akikata nyuzi. Siku hiyo alikuwa na aproni arobaini za wanafunzi wa uuguzi. Mahafali yao yalikuwa kesho yake, na yeye aliwaahidi kwa kinywa chake.

Kompyuta iliwaka vizuri. Programu ya nembo ikakataa kufunguka. Kwenye kioo palitokea maandishi: "Faili la maktaba halipo."

"Maktaba gani tena, jamani?" mdarizi akang'aka. "Nimeomba nembo, sijaomba kitabu!"

Mumewe alikuwa dirishani akichambua vifungo. Alistaafu kazi ya kutunza stoo, na mtaa mzima humwita Mzee Stoo. Hakuinua macho. Niseme mapema, msije mkamwonea huruma bure: alikuwa anajua.

Mdarizi alizima kompyuta, akaiwasha tena. Wapi! Akahangaika hadi saa tano. Mwishowe akaona tangazo mtandaoni: "Pakua faili lako hapa, bure." Akafurahi, akamwita jirani wa mlango wa pili aje aone. Jirani huyo ni fundi wa kompyuta, na jina lake la mtaani ni Dada Waya.

"Mama, usibonyeze!" Dada Waya alisema akiwa bado mlangoni. "Unawajua hao?"

"Siwajui. Lakini si wanatoa bure?"

"Wauguzi wako wakiokota sindano njiani, watamchoma nayo mgonjwa? Faili la mtu usiyemjua linaweza kuja na virusi."

Mdarizi akarudisha mkono. "Sasa hiyo maktaba ni kitu gani?"

Dada Waya akamgeukia Mzee Stoo. "Mzee, stoo yenu ilikuwa na ngazi ngapi ndefu?"

"Moja."

"Nani aliitumia?"

"Fundi umeme, wapaka rangi, msafisha madirisha. Kila mtu."

"Basi faili la maktaba ni hivyo hivyo. Programu nyingi huazima faili moja. Likitoweka au likiharibika, zinazolitegemea hukwama. Sasa nani amelifuta hili?"

Kifungo kimoja kikaanguka sakafuni.

"Ni mimi," Mzee Stoo akasema. "Jana kompyuta ilisema imejaa. Nikafuata kanuni ya stoo: kisicho na mwenyewe, kisichoguswa mwaka mzima, kinatoka. Majina yenyewe hayasomeki!"

"Lahaula!" mkewe akasema. "Na pipa la taka la kompyuta?"

"Nimelimwaga. Mimi sifanyi kazi nusu."

Lisingemwagwa, mafaili yangerudishwa kwa kubonyeza mara moja tu. Dada Waya hakugomba. Kwanza alinakili nembo zote kwenye flashi, zisipotee. Kisha akafungua chombo cha ukaguzi kilichomo ndani ya kompyuta yenyewe. Chombo hicho hukagua mafaili ya mfumo, na lililokosekana au kuharibika hulirudisha kutoka nakala salama. Kilichukua karibu nusu saa. Akaiwasha kompyuta upya.

Programu ikakataa tena. Safari hii ilitaja faili lingine.

"Mungu wangu, wauguzi wangu!" Mdarizi alishika kichwa.

"Tulia, Mama. Hili si la mfumo, lilikuja na programu yako. Diski yake iko wapi?"

Mzee Stoo aliileta mbio, imefungwa vizuri na tarehe juu yake. Dada Waya aliiondoa programu, akaiweka upya kutoka kwenye diski. Saa saba nembo ikatokea kwenye kioo, na mashine ikaanza kushona.

"Kompyuta ikijaa, futeni picha na video zenu wenyewe," Dada Waya akasema. "Faili usilolijua, uliza. Kuuliza si ujinga."

Mzee Stoo aliandika maneno hayo kwenye karatasi, akayabandika ukutani.

Aproni ya arobaini ilimalizika saa mbili kasorobo usiku, na wauguzi wakaja kuzichukua wakicheka. Walipoondoka, mdarizi alikaa chini, miguu ikimuuma.

"Mke wangu, nisamehe kwa kufuta," Mzee Stoo akasema.

"Kufuta nilikusamehe zamani. Hukujua. Kutengeneza kulichukua saa mbili tu." Akamtazama. "Lakini tangu saa mbili hadi saa tano nilihangaika, nawe umekaa pale na vifungo vyako, unaniangalia."

Mzee Stoo akachukua ufagio, akaanza kufagia nyuzi.