Bwana Harusi wa Siku Mbili

"Soma tena hiyo tarehe," Khalil alisema.

"Nimeshaisoma mara nne."

"Basi isome ya tano, Khole. Pengine ni ya mwaka jana."

Khole aliisogeza karatasi karibu na dirisha.

"Tarehe kumi mpaka kumi na nane, mwezi wa saba, mwaka huu wa elfu mbili na mbili. Ziara ya klabu, Uingereza. Na jina lake lipo mstari wa sita, kaliandika kwa mkono wake mwenyewe."

Khalil alijitupa kwenye kochi.

"Siku tisa."

"Siku tisa. Na alikuwa nazo kumi na moja."

Ilikuwa mwisho wa Oktoba, nyumbani kwao Bawshar, Muscat. Kadi mia tatu za harusi zilikuwa zimeshatoka. Ukumbi ulikuwa umeshikwa kwa Alhamisi ya tarehe kumi na mbili Disemba, wiki ya Idd. Na bwana harusi, Marhoon, alikuwa Uholanzi, amebakiwa na siku mbili tu za kuwa nje ya nchi ile.

Marhoon alizaliwa Nairobi. Huko ndiko alikojifunza kriketi, skuli, pamoja na watoto wa Kihindi. Alipokuja Muscat alikuwa na miaka kumi na saba. Akapata kazi ya duka la vipuri Ruwi, na kila Ijumaa asubuhi alikuwa kwenye kiwanja cha changarawe nyuma ya Ruwi, anacheza na Wahindi na Wapakistani juu ya mkeka uliotandikwa kwenye saruji. Mpira wake ulitua mkekani kama unaokwenda kulia, kisha ukageuka kushoto. Wapigaji wakubwa walibaki wanapiga hewa.

Khalil naye alicheza timu hiyo, vibaya sana. Khole alifuatana na kaka yake, akakaa ndani ya gari mlango wazi, na kwa kuwa mwandiko wake ulikuwa mzuri kuliko wa wote, alipewa kitabu cha kuandikia mchezo. Siku ya kwanza Marhoon kumsemesha alikuja na jasho lake mpaka mlangoni.

"Dada, ule mpira wangu wa tatu umeuandika nini?"

"Nukta."

"Nukta tu?"

"Mpigaji hakupata kitu, nimetia nukta. Ulitaka nikuchoree ua?"

Akacheka. Ijumaa iliyofuata akarudi kuulizia mpira wa nne.

Mwaka tisini na tisa, Mholanzi mmoja wa kampuni ya mafuta aliyekuwa akicheza nao alimwambia, "Kwetu pia tunacheza juu ya mkeka. Twende." Klabu yake ikampa Marhoon kazi na chumba. Kabla hajaondoka walifunga milka. Kisheria Khole akawa mke, lakini kwa desturi mke wa milka hubaki kwa baba yake mpaka siku ya harusi. Kwa hiyo kwa miaka mitatu na nusu Khole alikuwa mke wa mtu ambaye hajalala naye nyumba moja hata siku moja.

Katika miaka hiyo Marhoon alipanda. Timu ya pili ya klabu, kisha ya kwanza, kisha kocha wa timu ya taifa akamwekea sharti la kumchukua: akae Uholanzi miaka minne tangu alipofika, na kila mwaka, Aprili mpaka Aprili, asitoke zaidi ya siku thelathini. Mwaka huu wa mwisho, kumi na tisa ziliishia Mabela, nje kidogo ya Muscat, kwenye msiba wa baba yake. Zikabaki kumi na moja. Mwezi wa sita alisema kwenye simu: "Hizo ni za harusi, Khole. Sizigusi."

Na kila msimu ukimalizika alimtumia mkewe karatasi zote za mechi ndani ya bahasha moja. Khole alizisoma usiku kama watu wengine wanavyosoma barua. Hii ya Uingereza ilikuwa chini kabisa.

Akachukua simu, akaandika:

*Nimeiona karatasi ya Uingereza. Nipigie.*

Haikupita dakika mbili.

"Umeiona," Marhoon alisema.

"Assalam alaykum."

"Waalaykum salam. Khole, wacha nikueleze."

"Nieleze. Nakusikiliza."

"Niliambiwa siku za ziara hazihesabiwi, ni kama niko kazini. Tuliporudi, katibu akaniambia zinahesabiwa."

"Mlirudi Julai. Leo ni Oktoba. Nimekupigia mara ngapi hapo katikati? Nikakusomea rangi za maua ya ukumbini, nawe ukaniambia chagua meupe. Ulikuwa unajua."

"Nilikuwa najua."

"Kwa nini?"

"Nilimwogopa babako."

"Mie ndo mkeo. Siye Baba."

Khole aliitandika karatasi magotini.

"Na hii karatasi," Khole aliuliza, "ulisahau kuitoa?"

"Sikusahau. Niliitoa kwenye bahasha mara tatu, nikairudisha mara tatu. Mdomo ulikataa kusema. Nikaona basi, mkono useme."

"Mkono wako una adabu kuliko mdomo."

"Najua. Sikiza, nakuja siku zote kumi na moja, hata ishirini. Barua ya kujitoa nimeshaiandika, hii hapa mezani."

"Umeituma?"

"Bado."

"Ukijitoa, ile miaka?"

"Inaanza upya. Na mimi niko na miaka ishirini na nane. Kocha hatangoja."

Khole aliutazama ukuta wa chumba chake. Ni chumba kile kile alichokuwa akifanyia kazi za skuli.

"Basi na yangu inaanza upya, Marhoon. Hiyo miaka hukuikaa peke yako. Usiitume barua. Leo saa kumi na moja jioni utapiga simu ya nyumbani, umwambie Baba mwenyewe."

"Khole, mp…"

"Na usiniite mpenzi leo."

"Sijasema."

"Ulikuwa unataka kusema."

Saa kumi na moja simu ya sebuleni ililia. Khole alibonyeza kitufe cha spika. Baba yake, Saeed, alikuwa bado na dishdasha, kanzu lake la kazini. Mama yake, Nasriya, aliweka birika chini.

"Shikamoo, ami."

"Marahaba, Marhoon. Hujambo? Mbona sauti kama ya mtu aliyeko hospitali?"

Marhoon alisema yote. Hakuruka kitu. Saeed alisikiliza huku akizungusha kikombe cha kahawa kisicho na kahawa.

"Kwa hiyo," alisema mwishowe, "nimesambaza kadi mia tatu za uongo."

"Ami, nisamehe."

"Mpira haujaniudhi. Mpira wako siujui kichwa wala miguu. Uongo ndio ulioniudhi. Harusi yetu sisi ni wiki nzima. Kuna singo ya kumsugua biharusi, kuna hina, kuna karamu ya wanaume, kuna fungate. Weye unanletea siku mbili, kama fundi wa AC?"

Khalil alikohoa ili asicheke.

"Aandike talaka yake, kila mtu ende zake kwa salama," Saeed alisema. "Khalas."

"Baba," Khole alisema, "naomba na mie niulizwe."

Saeed aligeuka. Bintiye hakuwahi kumkata maneno.

"Nimemkasirikia kuliko weye. Lakini miaka hii ni yangu pia, na imebaki miezi sita. Siitaki talaka, na siitaki barua yake ya kujitoa. Singo na hina ni zangu, sizo zake. Tuzifanye bila yeye. Yeye aje Alhamisi asubuhi, usiku akae pale anapokaa bwana harusi, Ijumaa usiku tupande ndege sote wawili. Visa yangu iko tayari tangu mwezi wa nane."

"Na watu?"

"Watu wanakuja kula biriani," Nasriya alidakia. "Bwana harusi wanamtazama nusu dakika. Mie nilipoolewa, shangazi yako Muhsina hakujua hata kama ulikuwa umevaa viatu."

"Nilivaa viatu!" Saeed alisema.

"Sasa nshajua."

Saeed akaisogelea simu.

"Marhoon, nisikilize. Alhamisi, sala ya Isha ikisimama hujakaa mbele yangu, nawaambia watu harusi hakuna, na talaka unaandika. Sitaki sababu. Umefahamu?"

"Nimefahamu, ami."

Saeed alimtazama bintiye. "Na weye?"

"Nimefahamu, Baba."

Singo ikafanywa, hina ikapakwa. Shangazi Muhsina alimwuliza kila aliyeingia, "Bwana mwenyewe yuko wapi?" na kila aliyeingia akamjibu, "Si ndo tukuulize weye?"

Alhamisi asubuhi ujumbe wa kwanza uliingia saa tatu.

*Niko Dubai. Ukungu. Ndege za kuja Muscat hazijaondoka.*

Saa nne: *Bado.*

Saa sita: *Wanasema labda saa kumi na moja. Siwaamini. Nimekodi gari. Nakuja kwa barabara.*

Khole alikuwa kwenye kiti cha msusi. Kutoka Dubai mpaka Muscat ni saa tano kama mpakani hakuna watu, na ile ilikuwa wiki ya Idd.

*Hatta, mpakani. Foleni.*

*Hatta. Foleni ile ile.*

*Nimevuka.*

*Suhar. Dereva anataka kusimama anywe chai. Nimemkatalia.*

Magharibi ilipoadhiniwa Khole alikuwa ameshavishwa, amekaa kwenye chumba cha nyuma cha ukumbi, simu mapajani. Nje wanawake walikuwa wanapiga vigelegele kabla ya wakati. Simu ilitetema.

*Barka. Mama atanipa nguo Mabela, njiani.*

Kisha Khalil akapiga kutoka upande wa wanaume.

"Khole, Isha inaadhiniwa."

"Yuko Mabela. Baba yuko wapi?"

"Kaenda kutia udhu."

"Si alikuwa na udhu wa Magharibi?"

"Alikuwa nao. Kautia tena. Sasa katoka… ngoja. Anamwambia imamu mguu wake wa kushoto haukuenea maji. Anarudi tena."

Khole alifumba macho. Baba yake hakuwa mtu wa kutia udhu mara tatu.

"Khalil, watu wanafanya nini?"

"Wamepanga safu, wanamngoja. Ami Salem keshaanza kunung'unika. Baba anafuta mikono kidole kimoja kimoja. Wallahi sijapata kumwona… Khole!"

"Nini?"

"Gari. Kuna gari limesimama mlangoni. Subhanallah, kilemba kiko mkononi!"

Simu ikakatika.

Saeed alitoka msalani akamkuta Marhoon amesimama, dishdasha jipya, viatu vya safari, hanjari ya kiunoni imekaa upande. Alimtazama toka juu mpaka chini.

"Una udhu?"

"Sina, ami."

"Katie. Mara moja inatosha."

Walipomwingiza ukumbi wa wanawake na kumkalisha karibu na Khole, vigelegele vilikuwa vikubwa hata wakaweza kusemezana bila kusikiwa.

"Kilemba kimekaa kombo," Khole alisema bila kugeuka.

"Nimekifunga kwenye gari, baina ya Mabela na hapa."

"Inaonekana."

"Khole, nimebakiwa na saa ishirini na…"

"Usizihesabu. Leo nizihesabu mie." Kisha akaongeza, "Na ukinificha kitu tena, hata nukta moja, narudi Bawshar kwa miguu."

"Sitakuficha."

"Haya. Sasa sema lile neno ulilokuwa unataka kusema Oktoba."

Akalisema. Shangazi Muhsina, aliyekuwa amesogea kusikiliza, hakulipata.

Ijumaa usiku waliondoka, masanduku mawili na kitabu kimoja cha kuandikia mchezo.

Mwezi wa sita mwaka uliofuata, Saeed alirudi kutoka kazini na karatasi ya faksi imekunjwa mara nne ndani ya mfuko wa dishdasha. Aliikunjua juu ya meza ya chakula. Mwandiko ulikuwa wa Khole. Juu kabisa ilisema: *Timu ya Taifa ya Uholanzi. Mechi ya kwanza ya Marhoon.*

"Khalil! Njoo unisomee."

Khalil aliinama juu ya karatasi, akapiga mluzi.

"Katupa mipira sitini, Baba. Kawatoa wapigaji wanne."

"Na hivi vidoadoa vyote? Kakosa?"

"Hizo ni nukta. Kila nukta ni mpira ambao mpigaji hakupata kitu."

"Hakupata kitu, na bado ikaandikwa?"

"Inaandikwa, Baba. Ndiyo kazi ya mtupaji. Anakaa, anasubiri, hatoi kitu."

Saeed alivaa miwani. Alianza kuhesabu kwa ncha ya kidole, midomo inacheza, akakosea, akaanza tena. Nasriya alileta chakula, akakirudisha jikoni kipate moto.

"Thelathini na saba," alisema Saeed. "Lete hiyo simu yako, unionyeshe wanavyoandika ujumbe."

Ilimchukua robo saa, na hakukubali kusaidiwa. Alipomaliza alimpa Khalil abonyeze tu pa kupeleka. Khalil akausoma kwanza:

*Khole mwanangu. Nimehesabu nukta 37. Mpe hongera. Safari hii aje na siku nyingi.*