Mfupa wa Mia Mbili na Sita

Boksi la shule lilikuwa na mifupa ya plastiki mia mbili na tano badala ya mia mbili na sita. Jana hivyo, leo hivyo. Ila leo kitobo cha mfupa uliopotea, cha ncha ya kidole cha mwisho cha mkono wa kushoto, kilikuwa na joto, kama kiti alichoinuka mtu sasa hivi.

Mama mshonaji alitoa kidole chake haraka. Kesho asubuhi ni mashindano. Binti yake alitakiwa aunge mifupa yote akiwa amefungwa macho, na mwalimu alishasema: ukipungukiwa hata mmoja, unatolewa.

"Haya, soma, mama," alisema binti, kitambaa usoni.

Mama akashika orodha kwa mikono miwili. Tangu amalize darasa la watu wazima, hakuna karatasi iliyompita hivi hivi. "Paja, kulia. Goti, kulia..." Akasoma, na binti akapapasa, akapanga mkekani bila kukosea, mpaka wa mwisho.

"Huo haupo, mwanangu."

"Aah! Mwenye nao alete, achukue anachotaka!"

"Shii! Maneno gani hayo, na jua linazama?"

Ndipo marashi mazito yakajaa chumbani, na huku cherehani imetulia, mlango umefungwa, wao wawili tu ndani, chini ya mkeka kitu kikaanza kugonga, tak, tak, kikisogea taratibu kutoka miguuni pa mama hadi kwa binti, na binti akanyoosha kiganja, kikatua humo, akatabasamu.

"Asante, mama. Kumbe uliuficha!"

Mama hakuwa ametoa kitu. Mikono yake yote miwili ilikuwa bado kwenye orodha.

Mfupa haukuwa wa plastiki. Ulikuwa wa manjano, tena wa moto.

"Utupe," alinong'ona mama.

"Niutupe, halafu kesho je? Mbona unalingana sawasawa!" Binti akarudisha mifupa yote, akaupachika kitoboni, akafunga boksi.

Asubuhi alisimama mlangoni, sare imenyooka, boksi kwapani.

"Niombee, mama."

Mama akamshika mkono wa kushoto. Kidole cha mwisho kikapinda nyuma, laini, kama kidole cha glavu tupu.

"Hakiumi?"

"Nini hakiumi?"

Orodha ya jana, aliyokuwa ameishika kwa mkono wa pili, ikamponyoka mama. Chini kabisa, kwa mwandiko usio wa mwalimu wala wa binti, palikuwa na mstari mpya. Aliusoma silabi kwa silabi, na kwa mara ya kwanza akatamani angekuwa hajui kusoma.

"Imebaki 205."