Mgeni wa Sir Harcombe

Haya yalimkuta Joweria, rafiki yetu Mganda, kule Uarabuni, mtaa wa Garhoud, kiangazi cha mwaka 2006. Alikuwa akimtunza Sir Harcombe, mzee wa Kiingereza aliyecheza kriketi ya ridhaa ujanani, mpaka mwenzake Pryce alipomjia mbio uwanjani akamrushia mpira makusudi ukampofua jicho.

"Pryce nitamlipa mwenyewe," mzee alizoea kusema. Akafa hajamlipa.

Baada ya mazishi Pryce akaja nyumbani kuomba kofia ya kriketi ya marehemu, iwe ukumbusho.

"Hakuwa mchezaji wa maana," alisema akicheka.

Joweria akaenda stoo kuichukua. Mara taa ikazimika. Mle gizani akasikia mtu akimpita mbio, akihema, halafu kishindo, na ukelele kutoka sebuleni.

Alimkuta Pryce kitini, damu ikichuruzika kati ya vidole alivyofunikia jicho.

"Nani amenirushia?"

"Sir, tuko wawili tu."

Madirisha yote yalikuwa yamefungwa, na nje jua la mchana lilikuwa likiunguza mchanga. Lakini kwenye zulia, kuanzia ukuta wa upande wa stoo hadi karibu na kiti, palikuwa na nyayo za mtu aliyekimbia, na ndani ya kila unyayo nyasi mbichi kama za uwanja wa kriketi, zimelowa umande.